Udhuru na Muhula: Rufaa Zinazochelewa katika Mashauri ya Hundi nchini India

Karatasi ambayo benki ya India huibana nyuma ya hundi iliyokataliwa ni fupi. Ina nambari ya hundi, tarehe, kiasi cha rupia, na sababu moja iliyotiwa alama miongoni mwa sababu zilizochapwa: kwamba fedha katika hesabu hazitoshi, au hesabu imefungwa, au mwenye hesabu ameagiza malipo yazuiwe. Mfanyabiashara wa nguo wa Surat, aliyewakopesha wauzaji wa rejareja majora ya vitambaa kwa hundi za tarehe ya mbele, huipokea karatasi hiyo akijua kwamba tangu saa ile deni lake limekwisha kutoka katika daftari la tijara na kuingia katika kalenda ya mahakama. Na atakalolipata mwishoni, na lini atalipata, halitategemea haki yake peke yake, bali litategemea pia jinsi siku za sheria zitakavyohesabiwa na yeye, na mdeni wake, na mahakimu watakaowasikiliza wote wawili.

Sheria yenyewe ni kongwe, maana ilitungwa mwaka 1881, zama za utawala wa Mwingereza, ili kuratibu hundi, hawala na hati za ahadi ya malipo. Lakini kifungu cha 138, kilichofanya kutoa hundi isiyolipika kuwa kosa la jinai, kiliongezwa mwaka 1988 na kuanza kutumika tarehe 1 Aprili 1989. Makusudio yake yalikuwa kuipa hundi heshima sokoni, kwa kuwa nchi ambayo sehemu kubwa ya biashara yake ilikwenda kwa karatasi haikuweza kustahimili karatasi zisizoaminika. Adhabu ya kwanza ilikuwa kifungo kisichozidi mwaka mmoja. Marekebisho ya 2002 yakaifanya miaka miwili, na faini yaweza kufika maradufu ya kiasi kilichoandikwa juu ya hundi. Fauka ya hayo, mdeni akiikubali sahihi yake, mahakama huchukua kwamba hundi ilitolewa kwa deni halali mpaka yeye mwenyewe aonyeshe kinyume.

Mtu akiisoma sheria hii kwa utulivu ataona kwamba mzigo wa kwanza wa siku umetwikwa mwia, si mdeni. Sharti aipeleke hundi benki kabla haijapitwa na wakati, nao wakati huo tangu Aprili 2012 ni miezi mitatu. Ikirudi, ana siku 30 tangu apate habari za benki kumwandikia mdeni barua ya kudai. Mdeni akiipokea ana siku 15 za kulipa. Na siku hizo zikiisha bila malipo, mwia ana mwezi mmoja tu wa kufungua shauri mbele ya hakimu. Zamani mwezi huo ukipita mlango ulifungwa kabisa, hata kama aliyechelewa alikuwa mahututi hospitalini, mpaka mwaka 2002 sheria iliporekebishwa na hakimu akapewa ikhtiari ya kumpokea mlalamikaji mwenye sababu ya kutosha. Nataja mambo haya si kwa kupenda hesabu, bali ili ionekane bayana kwamba yule aliyedhulumiwa fedha zake ametakiwa tangu mwanzo awe macho, na akisinzia sheria haimwonei huruma nyingi.

Sheria hiyo hiyo inasema kwamba mashauri haya yajitahidiwe kumalizika katika miezi sita. Hali halisi ni nyingine. Mahakama ya Juu ya India, ilipolichukua jambo hili kwa hiari yake yenyewe na kuliweka mbele ya majaji watano chini ya Jaji Mkuu S. A. Bobde, ilionyesha katika uamuzi wa Aprili 2021 kwamba kufikia mwisho wa mwaka 2019 mashauri ya jinai yaliyokuwa yakingoja nchini yalikuwa milioni 23.1, na kati yake milioni 3.516 yalikuwa ya hundi. Hakimu mwenye rundo kama hilo mezani hawezi kumaliza shauri kwa miezi sita hata akikesha. Kamati iliundwa, na kuanzia Septemba 2022 mahakama maalumu za majaribio zikafunguliwa katika baadhi ya wilaya za majimbo matano, Maharashtra, Delhi, Gujarat, Uttar Pradesh na Rajasthan. Ni hatua njema, lakini foleni ilikuwa imekwisha kurefuka kwa miongo miwili.

Sasa tuseme foleni hiyo imefika kikomo, hakimu amemtia mdeni hatiani, amempa kifungo cha miezi kadhaa na kumwamuru amlipe mwia fidia. Kwa sheria ya India ana siku 30 za kupeleka rufaa kwa jaji wa mahakama ya Sesheni ya wilaya, na lau hukumu imetoka Mahakama ya Sesheni yenyewe, siku 60 za kwenda Mahakama Kuu ya jimbo. Aghalabu hakimu huisimamisha adhabu kwa muda ule ule, ili mtu aende nyumbani kwa dhamana akaandae rufaa yake. Hapa ndipo ajizi inapoanza. Mwia anadhani kwamba baada ya mwezi mmoja ama atalipwa ama ataitwa kujibu rufaa. Mwezi unapita, hakuna fedha wala wito. Miezi minane inapita. Wakili wake anaomba hati ya kukamatwa. Askari wanafika mlangoni kwa mdeni. Na juma lile lile rufaa inaletwa mahakamani, pamoja na ombi la kusamehewa siku zote zilizopotea.

Ombi hilo huja na hati ya kiapo, na atakayekaa asubuhi moja katika chumba cha rufaa cha wilaya atazizoea hati hizo upesi. Aya ya kwanza hutaja hukumu na tarehe yake. Aya ya pili husema mwombaji aliugua, na cheti cha tabibu hufuata, mara nyingi cha ugonjwa wa manjano au homa ya matumbo, kikimwamuru apumzike kwa muda ambao, kwa ajabu, huanza kabla ya siku 30 kwisha na kumalizika juma lile la hati ya kukamatwa. Aya ya tatu humtupia lawama wakili wa kwanza, kwamba aliahidi kukata rufaa na hakukata. Aya ya nne husema nakala ya hukumu ilichelewa kupatikana. Kwa hoja hii ya mwisho msomaji ajue mambo mawili: kwanza, siku zinazotumika kungoja nakala hutolewa katika hesabu kwa amri ya sheria yenyewe, kwa hiyo hazihitaji msamaha, pili, mtu anayehukumiwa kifungo ana haki ya kupewa nakala ya hukumu papo hapo bila malipo. Anayesema kwamba aliingoja nakala kwa miezi sita ameleta udhuru ambao faili lenyewe linaweza kuukanusha.

Hata hivyo singependa kumvisha kila mwombaji joho la hila. Wako waliougua kweli. Wako waliohukumiwa ilhali wamo gerezani kwa jambo jingine, wasiwe na mtu wa kuwafuatia makaratasi. Wako wajane waliotia sahihi kwenye vitabu vya hundi vya biashara za waume zao bila kujua biashara yenyewe iliendaje, na vijana waliotoa hundi tupu kuwa amana kwa wakopeshaji wa mtaani, kisha wakaona kiasi kimeandikwa ambacho hawakukopa kamwe. Kuna kipindi pia ambapo hakuna aliyelaumiwa: maradhi ya Korona yalipoingia, Mahakama ya Juu iliamuru kwamba tangu tarehe 15 Machi 2020 mpaka tarehe 28 Februari 2022 siku za ukomo zisihesabiwe popote nchini, na waliokuwa wamepitiwa wakapewa muhula wa siku 90 kuanzia tarehe 1 Machi. Mahakama inayofunga mlango wake kwa watu wote hao kwa sababu mmoja wao ni mwongo itakuwa imetenda dhulma kwa jina la utaratibu.

Kwa hiyo swali si kama msamaha uwepo, bali utolewe kwa mizani gani. Kifungu cha 5 cha sheria ya ukomo ya 1963 kinatumia maneno machache tu, kwamba mwombaji airidhishe mahakama kuwa alikuwa na sababu ya kutosha, na kilichobaki kimejengwa na majaji. Uamuzi ulioshika usukani ni wa mwaka 1987, katika shauri la fidia ya ardhi lililotoka Anantnag, Kashmir, ambamo serikali ya jimbo ilichelewa kwa siku nne na Mahakama Kuu ikaitupa rufaa yake. Majaji M. P. Thakkar na B. C. Ray waliirejesha, na katika kufanya hivyo wakaweka misingi ambayo mawakili wa India huisoma kwa moyo mpaka leo: kwamba haki ya kweli ikishindana na ufundi wa taratibu, haki ipewe nafasi ya mbele, kwamba kuchelewa kusidhaniwe kuwa kwa makusudi, kwamba ile kanuni ya kutoa maelezo ya kila siku isichukuliwe kwa ukali wa kipumbavu, maana kama ni kila siku, mbona isiwe kila saa na kila nukta?

Mimi naiheshimu hukumu ile, na naamini imeokoa watu wengi wasiohesabika. Lakini msingi wake wa kwanza, ambao misingi mingine yote imejengwa juu yake, ni kwamba kwa kawaida mtu hafaidiki kwa kuchelewesha rufaa yake, bali hujihatarisha. Maneno hayo ni kweli kwa mwenye ardhi anayepinga fidia ndogo, ni kweli kwa mfanyakazi aliyefukuzwa kazi, ni kweli kwa mjane anayegombania mirathi. Si kweli kwa mtu aliyetoa hundi isiyolipika. Huyu, kila mwezi unaopita bila rufaa kusikilizwa ni mwezi ambao fedha za mwenziwe zimo mikononi mwake, zikifanya kazi katika biashara yake, ilhali mwia anakopa kwingine kwa riba ili aendelee kuishi. Kuchelewa kwake si hatari tu, ni faida pia. Basi mahakama inayoutumia uamuzi wa 1987 kwa shauri la hundi kama ulivyo, bila kujiuliza ni nani anayekula matunda ya kuchelewa, inauchukua msamaha uliokusudiwa wanyonge na kumkabidhi mtu aliyeshika mali ya mnyonge.

Kwa bahati njema Mahakama ya Juu yenyewe haikusimama pale ilipoanzia. Mwaka 1998, katika shauri moja ambalo kuchelewa kulikuwa kwa siku 883 na kosa lilikuwa la wakili aliyemtelekeza mteja wake, ilisema kwamba urefu wa kuchelewa si neno, neno ni ukweli wa maelezo, kwa kuwa siku chache zisizo na sababu zaweza kukosa msamaha na siku nyingi zenye sababu zikaupata. Lakini ikamwamuru aliyesamehewa amlipe mwenziwe rupia 10,000. Mwaka 2012 ikaikatalia idara ya posta, iliyochelewa siku 427 na kutoa udhuru wa mafaili kupanda na kushuka ofisini, na kusema kwamba serikali haina kalenda yake mbali na ya raia. Kati ya maamuzi haya mawili naona fikra iliyo bora zaidi kuliko kukubali tu au kukataa tu: kwamba muhula waweza kutolewa, na muhula uwe na bei.

Jambo hili halitupiti sisi wa pwani ya Afrika Mashariki kama habari za ugenini. Mwishoni mwa karne ya 19 mahakama ya konseli wa Uingereza mjini Unguja ilihesabiwa kama mahakama ya wilaya ya Bombay, na mtu aliyeshindwa Forodhani ilimbidi rufaa yake ivuke bahari mpaka Mahakama Kuu ya Bombay. Sheria ya India ya ukomo wa muda ya 1908 ilitumika Tanganyika, na Tanzania Bara iliendelea nayo mpaka Bunge lilipotunga sheria yake mwaka 1971. Asili ni moja, lakini tabia zimeachana. Mahakama ya Rufani ya Tanzania imeshikilia kwa miaka mingi kanuni ile ile ambayo majaji wa Delhi waliilegeza, kwamba kila siku ya kuchelewa itolewe maelezo, hata ikiwa siku moja. Na katika jinai aliyehukumiwa huko Tanzania Bara hutakiwa kutoa taarifa ya nia ya kukata rufaa ndani ya siku 10 na kuileta rufaa ndani ya siku 45. Kenya, ambayo nayo imeifanya hundi isiyolipika kuwa kosa katika sheria yake ya adhabu, humpa aliyehukumiwa siku 14 tu. Ukali huu una fadhila yake, kwani aliyeshinda hulala akijua kesho ipo vipi. Lakini nimesoma maamuzi ya namna hii ambamo mfungwa asiye na wakili alipoteza rufaa yake kwa siku ambazo hakuna mtu aliyemsaidia kuzihesabu, na sikuweza kuyasoma bila huzuni.

India ilipata mwaka 2018 chombo ambacho naona ndicho ufunguo. Bunge lake lilikiri waziwazi kwamba wadeni wasio waaminifu walikuwa wakizitumia rufaa, zilizo rahisi kufunguliwa na rahisi kupatia amri ya kusimamisha utekelezaji, kumfanya mwia atumie mali na wakati mwingi kufuatia fedha zake. Basi likaongeza kifungu cha 148, kilichoanza kutumika tarehe 1 Septemba mwaka huo. Mahakama ya rufaa yaweza kumwamuru mdeni aliyetiwa hatiani aweke mahakamani si chini ya asilimia 20 ya faini au fidia iliyoamriwa, katika siku 60, zinazoweza kuongezwa kwa 30 akionyesha sababu. Na fedha hizo mwia aweza kupewa azitumie wakati rufaa ikiendelea, kwa sharti kwamba mdeni akishinda arudishiwe pamoja na riba. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu iliamua kwamba kifungu hiki kiwaguse hata wale ambao mashauri yao yalifunguliwa kabla yake, na kwamba amri hiyo ndiyo kanuni, kutoitoa ndiyo nadra. Mwaka 2023 ikaongeza insafu inayohitajika: jaji akiona kwamba kumlazimisha mtu kuweka fedha hizo ni kumnyang'anya haki yake ya rufaa, aweza kumsamehe, ila aandike sababu zake.

Hapa mtu aweza kuuliza: kama rufaa iliyokuja kwa wakati hutakiwa amana ya asilimia 20, iliyokuja baada ya mwaka mzima itakiweje? Majaji wengi huyatenganisha mambo haya. Husikiliza kwanza ombi la kuongezewa muda kama kwamba ni suala la cheti cha tabibu tu, wakilikubali ndipo hufika kwenye amana, na kati ya hatua hizo mbili miezi mingine huenda bure. Rai yangu ni kwamba yaunganishwe. Anayeomba asamehewe siku 240 aambiwe siku ile ile: mlango umefunguliwa, lakini ingia na fedha, na kadiri siku zako zilivyo nyingi na maelezo yako yalivyo hafifu, ndivyo kiasi cha kuweka kitakavyopanda juu ya ile asilimia 20. Uhuru wa mwili wa mtu hautapotea kwa kukosa siku chache, kwa sababu rufaa yake itasikilizwa. Na fedha za mwia hazitaendelea kumfaidi aliyezishika, kwa sababu zimo mahakamani. Aliye fukara kweli atasamehewa chini ya uamuzi wa 2023. Asiye fukara ataamua mwenyewe kama rufaa yake ni ya haki au ni ya kununua wakati.

Fikra ya kutoza wakati si ngeni katika sheria hii. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu iliwawekea viwango wadeni wanaokuja kupatana na wawia wao wakiwa wamechelewa: anayepatana katika vikao vya kwanza hatozwi kitu, anayengoja mpaka baadaye mbele ya hakimu atoe asilimia 10 ya hundi kwa mamlaka ya msaada wa kisheria, anayengoja mpaka rufaa atoe 15, na anayefika Mahakama ya Juu atoe 20. Mwaka 2025 mahakama hiyo hiyo ilivipunguza viwango hivyo, lakini ngazi zenyewe ikaziacha. Ikiwa kuchelewa kupatana kuna bei, sioni kwa nini kuchelewa kushindana kuwe bure.

Na tusimsahau mwia anayechelewa. Mshitakiwa akiachiwa huru, mlalamikaji alilazimika kwa muda mrefu kwenda Mahakama Kuu ya jimbo kuomba ruhusa maalumu ya kukata rufaa, katika siku 60. Na kwa fundi wa mji mdogo ambaye Mahakama Kuu yake iko mwendo wa siku nzima kwa treni, siku hizo zilikwisha kabla hajapata nauli na ada ya wakili. Uamuzi wa 2025 wa Mahakama ya Juu, ulioandikwa na Jaji B. V. Nagarathna, umemtambua mlalamikaji wa shauri la hundi kuwa ni mwathirika kama waathirika wengine wa jinai, mwenye haki ya kukata rufaa bila kuomba ruhusa hiyo, katika mahakama ile ile ya wilaya ambayo ingesikiliza rufaa ya mdeni kama angehukumiwa. Uamuzi huu umepunguza kuchelewa kwa namna ambayo hakuna hotuba ya kuhimiza bidii ingeweza kufanya, kwa kuwa umesogeza mahakama karibu na mtu.

Mahakimu wa rufaa, wa India na wa pwani yetu pia, nawaomba kila wanaposhika hati ya kiapo ya aliyechelewa wajiulize, kabla ya kukitazama cheti cha tabibu, ni mkono wa nani uliokuwa na fedha kwa siku zote hizo. Nawe msomaji, ukipata hukumu, iwe ya kushinda au ya kushindwa, omba nakala siku ile ile kabla hujatoka katika uwanja wa mahakama, mwambie karani akuandikie tarehe uliyoomba na tarehe uliyopewa, na uihifadhi karatasi hiyo. Kwa kuwa siku za rufaa huhesabiwa tangu hukumu itoke, na zile ulizongojea nakala hazitatolewa katika hesabu mpaka uonyeshe kwa maandishi.